Nyumba Ipo, Shida ni Jina

Mtu akiniambia anahamia Nakuru na anatafuta nyumba, sianzi kumweleza mtaa gani una maji wala wapi matatu zinafika usiku. Namwambia hivi: ukipiga simu kwa ajenti, taja majina yako yote kabla hujauliza bei. Kama jina litakufungia mlango, heri likufungie kwenye simu, ukiwa umepoteza salio la shilingi chache, kuliko likufungie langoni baada ya kulipa nauli, ada ya kuonyeshwa nyumba na nusu siku ya kazi.

Mimi sikuwa na wa kuniambia hivyo. Kampuni ya mbegu niliyokuwa nikiifanyia kazi Busia ilinihamishia Nakuru mwanzoni mwa 2022, mji ukiwa na majuma machache tu tangu upewe hadhi ya jiji tarehe 1 Desemba 2021. Mwenzangu wa kazini alinipa kona ya kulala kwake Kaptembwa hadi nipate nyumba, halafu mke wangu na watoto wanifuate. Nilidhani ni shughuli ya wikendi moja. Mshahara ulikuwepo, barua ya mwajiri ilikuwepo, sikuwa na deni hata la senti kwa mwenye nyumba wa Busia. Nilitaka vyumba viwili vya kulala, kodi isiyozidi elfu kumi na tano, maji yasikatike ovyo. Basi.

Jina langu la ukoo linaanza na O. Kenya nzima inajua, au inadhani inajua, O ni ya nani. Sasa sisi Wasamia wa Funyula ni Waluhya, lugha yetu ni Lusamia, lakini tumeishi ubavuni mwa Wajaluo wa Alego na Ugenya vizazi kwa vizazi, tumeoana nao, tumepeana majina. Akina Ouma na Okumu wamejaa vijijini kwetu. Ukiwa Busia hilo halimshtui mtu. Nilipofika Nakuru ndipo nikaanza kulijibia jina langu maswali.

Ajenti wa kwanza, kijana mchangamfu, alinionyesha nyumba nzuri upande wa Naka. Shilingi elfu kumi na nne, tangi kubwa juu ya paa, jikoni lenye dirisha. Nilishamlipa mia tano ya kuonyeshwa. Akatoa kitabu chake aandike jina, kalamu ikasimama. "Wewe ni wa Kisumu, bosi?" Nikamwambia wa Busia. "Lakini si ni kule kule?" Akacheka, nami nikacheka. Jioni nikapata ujumbe: pole bosi, kumbe kuna mtu alikuwa ameshalipia.

Kule mtaa wa Free Area, msimamizi wa ploti hakunizungusha. "Mwenye ploti hapendi watu wa kutoka huko. Si mimi, mimi sina shida na mtu." Maneno hayo, si mimi, nilikuja kuyasikia karibu kila lango. Ajenti si yeye, ni msimamizi. Msimamizi si yeye, ni mwenye nyumba. Mwenye nyumba si yeye, ni wapangaji wengine ambao "hawatakuwa na amani". Kwingine si mtu kabisa, ni mwaka: "Huu ni mwaka wa siasa, bwana, rudi Septemba." Kwa hesabu hiyo Nakuru nzima haikuwa na mbaguzi hata mmoja, na bado nilikuwa nalala kwenye godoro la watu Kaptembwa huku nikilipa kodi ya nyumba ya Busia.

Gharama nizitaje, maana hazizungumzwi. Ada za kuonyeshwa nyumba hazirudishwi hata kama ulikataliwa kwa sababu ya herufi moja. Nauli na bodaboda. Kodi ya nyumba mbili kwa wakati mmoja, na mtoto wa pili aliyekosa kuanza muhula na wenzake. Kuna gharama nyingine isiyoandikwa kwenye risiti: nilianza kunyoa vizuri zaidi, kuongea kwa upole uliopitiliza, kuvaa shati la mikono mirefu kwenda kuangalia nyumba kama anayekwenda kuomba kazi. Nilikuwa nikijaribu kumjibu mtu ambaye sijui amenituhumu nini.

Halafu nikagundua mlango wa nyuma. Pale Section 58, msimamizi, mzee wa makamo, aliposoma jina langu akakunja uso, na kabla hajasema neno nikajikuta nimesema, "Mimi ni Msamia, mzee. Sisi ni Waluhya." Uso ukafunguka wote. "Ah! Si ungesema! Nyinyi hamna matata, nyinyi ni watu wa kanisa na kuku." Akanionyesha hadi mahali pa kuanika nguo. Nilitembea kwa raha hadi stendi. Kidogo tu nipige simu nyumbani niseme lori lianze safari.

Nikapiga kweli, nikamsimulia mama watoto, nikidhani atacheka. Mke wangu ni Mjaluo wa Ahero. Akasikiliza mpaka mwisho, kisha akauliza, "Kwa hiyo mimi nitaingia hapo kama nani?"

Sikuwa na jibu. Yule mzee alikuwa hajabadilisha maoni yake kuhusu watu wa kutoka huko, alikuwa amenihamisha tu kutoka rafu moja hadi nyingine, na rafu niliyohamishiwa nayo ilikuwa na lebo yake. Kuku. Kanisa. Wapishi na walinzi wa usiku, hilo hakulisema lakini limo kwenye furushi lile lile, tangu enzi za wakoloni walipozoea kugawia kila kabila kazi yake na tabia yake. Kila anayebaguliwa kwa kudhaniwa fulani hupewa ofa hiyo: onyesha kwamba wewe si yule, upite. Ukiikubali, umetia sahihi kwamba yule anastahili kufungiwa. Na yule, kwa upande wangu, ndiye mama wa watoto wangu. Nyumba ya Section 58 tukaiacha.

Tokea hapo nikaacha kutafuta nyumba kama mpangaji tu, nikaanza pia kutafuta jambo hili hutoka wapi. Nilikuwa na hasira, na hasira ina nguvu ya kutembea.

Cha kwanza: yule mwenzangu wa Kaptembwa, ambaye jina lake ni la Nyeri hata ukilisoma gizani, alimpigia ajenti wa Naka. Nyumba ile ile. Ipo, bosi, njoo hata leo. Hii ni njia ninayompendekezea yeyote mwenye shaka. Usibaki ukijiuliza kama ni fikira zako. Mtafute rafiki mwenye jina tofauti na kazi inayofanana na yako, apige simu siku hiyo hiyo, aulize maswali yale yale, na mhifadhi ujumbe wote. Marekani, baada ya sheria yao ya nyumba ya 1968, mashirika ya kutetea haki yalifanya hivyo hivyo kwa mpango: wanatumwa watu wawili wenye kipato sawa, mmoja mweusi na mmoja mweupe, kisha majibu yanalinganishwa. Bila kulinganisha, kila aliyekunyima nyumba ana kisingizio, na kisingizio kimoja kimoja huwa kinaingia akilini.

Cha pili, nilimtafuta mwenye nyumba mwenyewe. Si vigumu kama watu wanavyodhani. Mwenye duka la karibu na lango huwa anamjua. Huyu wa Naka alikuwa mwalimu mkuu mstaafu anayeishi Bahati. Nilimpigia, nikajieleza kwa adabu, na akanialika. Nilipomweleza kilichotokea alinyamaza kidogo, akasema, "Mimi nilimwambia atafute watu wanaolipa. Basi." Akamwita msimamizi wake mbele yangu, na hapo ndipo hadithi ikatoka.

Miaka ya nyuma kulikuwa na mpangaji kutoka Nyanza, kijana mwenye gari na muziki mkubwa, aliyehama usiku akiwa na malimbikizo ya kodi. Msimamizi alikatwa sehemu ya hasara kwenye mshahara wake. Akajiwekea sheria yake: jina la O, hapana. Sheria hiyo akamwambia ajenti, ajenti akaifanya ya mwenye nyumba, maana ya mwenye nyumba ina uzito zaidi. Nikamuuliza kama huyo ndiye mpangaji pekee aliyewahi kumtoroka. La, alisema bila wasiwasi, alikuwepo pia yule mlevi wa Subukia, na yule mwalimu aliyeachwa na mke, na yule kijana wa kuuza simu.

Nimelifikiria jibu hilo mara nyingi. Wale waliofanana naye walibaki watu: mlevi, aliyeachwa, muuza simu. Kila mmoja alikuwa na sababu yake ya kutolipa na aliondoka nayo. Yule wa kwetu, au wa kwa mke wangu, hakuwa na sababu, alikuwa na kabila. Deni lake likabaki pale langoni likingoja mtu mwingine mwenye herufi ile aje alilipe. Sijawahi kuona maelezo mafupi zaidi ya jinsi upendeleo unavyoota mizizi, na msimamizi mwenyewe hakujua kwamba ameyatoa.

Mwalimu aliona aibu. Alituambia nyumba ni yetu tukiitaka. Mke wangu akakataa, nami nikaja kukubaliana naye: mwenye funguo za maji, mwenye kufungua lango usiku mtoto akiugua, ni msimamizi na si mwalimu wa Bahati. Haki inayotoka mbali bila ya aliye karibu kuridhika nayo, utailipia kila siku kwa vijineno. Wengine watasema tulipaswa kushikilia. Huenda. Wao hawakuwa na watoto wawili wa kuvuka ua ule.

Nyumba ile ilikaa tupu hadi baada ya Pasaka. Elfu kumi na nne kila mwezi zikiyeyuka ili mtu asiyefaa asiingie. Hapo nikakumbuka jambo nililosoma chuoni na kulipuuza. Karibu mwaka 1970, mtafiti Henri Tajfel aliwachukua wavulana wa shule huko Bristol, Uingereza, akawagawa makundi mawili kwa sababu za kipuuzi, mathalani nani alipenda picha za mchoraji huyu na nani za yule, kisha akawapa nafasi ya kugawa vijisenti kwa wenzao wasiowaona. Hawakuwa na ugomvi, hawakuwa na historia, wala mgawaji hakupata chochote yeye mwenyewe. Bado walipendelea wa kundi lao. Tena wengi walichagua mgao ulioweka pengo kati ya makundi, hata pale ambapo mgao mwingine ungewapa wa kwao pesa zaidi. Chuoni niliona ni mchezo wa watoto. Naka niliuona ukichezwa na watu wazima kwa pesa za kodi.

Lakini hapa kwetu historia ipo, na siwezi kuiruka. Nyumba iliyonifundisha hilo ilikuwa Lanet.

Mwenyewe alikuwa shosho, bibi Mkikuyu wa umri wa mama yangu, anaishi nyumba ya mbele na kupangisha ya nyuma. Aliposikia jina langu hakusingizia mtu. Alitukaribisha chai, mimi na mke wangu, aliyekuwa amekuja wikendi ile. Halafu akaanza kuongea naye Kijaluo, Kijaluo kisafi kunishinda mimi. Mke wangu alibaki kinywa wazi.

Shosho alikuwa ameishi Kisumu tangu ujana wake. Aliuza nguo, akajenga ploti, wapangaji wake karibu wote walikuwa Wajaluo, na watoto wake walisomea huko. Mwisho wa Desemba 2007, matokeo ya urais yalipotangazwa, ploti ilichomwa. Anasema kati ya waliochoma aliwatambua waliokuwa wakinywa chai kwake. Alitoka na kitambulisho na mjukuu. Alikaa kwenye mahema ya uwanja wa maonyesho hapa Nakuru miezi mingi, akapata zile shilingi elfu kumi ambazo serikali iliwapa wakimbizi wa ndani waanze upya, na baadaye elfu ishirini na tano za waliochomewa nyumba, kwa ploti iliyomchukua nusu ya maisha kuijenga. Ardhi ya Kisumu aliiuza kwa bei aliyoambiwa.

"Mwanangu," alimwambia mke wangu, "sikuchukii. Lakini nikiliona jina hilo kwenye kitabu cha risiti, usiku sitalala."

Mke wangu naye ana mjomba aliyekuwa fundi wa viatu hapa hapa Nakuru. Mwishoni mwa Januari 2008, vurugu zilipofika Nakuru na Naivasha, na zamu ikawa ya kuwawinda watu wa magharibi, alifika Ahero kwa basi bila godoro. Hakuwahi kurudi. Mke wangu alimsimulia shosho, polepole, kwa Kijaluo. Tume ya Jaji Waki, iliyochunguza vurugu hizo za baada ya uchaguzi, ilihesabu watu 1,133 waliouawa nchini katika miezi ile, na waliofukuzwa makwao walikuwa mamia ya maelfu. Pale sebuleni walikuwepo wawili tu wa kuwakilisha hesabu hiyo, na hakuna aliyekuwa amemkosea mwenzake. Nyumba hatukupewa. Tuliagana vizuri, tukafungiwa parachichi.

Wanaoandika kuhusu ubaguzi hupenda kusema ni ujinga, ati watu wakielimika utaisha. Shosho si mjinga. Anawajua Wajaluo kuliko wabunge wengi wanavyowajua wapiga kura wao. Anachobeba ni woga wenye sababu, na woga wenye sababu ndio mgumu kuliko wote kuutoa, kwa kuwa kila ukiuliza unatolewa ushahidi. Hitilafu yake ni kwamba umekosea anwani. Mke wangu alikuwa msichana wa shule mwaka 2007. Na woga huo haukai kwa shosho pekee: mjukuu aliyebebwa siku ile ni mtu mzima sasa, na yeye hakumbuki moto, anakumbuka kabila.

Nakuru hasa ndio mahali pa ajabu kwa mambo haya, kwa sababu karibu kila mtu hapa alitoka mahali. Wakoloni waliitwaa ardhi hii kwa walowezi, reli ikawa imepita tangu mwaka 1900, na mashamba ya ngano na pareto yakahitaji mikono. Ikaja kutoka kati, kutoka magharibi, kutoka kila reserve ambako watu walikuwa wamefungiwa kwa kabila na kutembea na kipande, kitambulisho cha lazima cha wakoloni, shingoni. Baada ya uhuru ardhi ikagawanywa na kununuliwa kwa njia ambazo mpaka leo zinabishaniwa, na wanasiasa wakajua pa kuwasha kiberiti: 1992, 1997, 2008. Ukisikia mtu wa Nakuru anauliza "kwani kwenu ni wapi?", kumbuka babu yake naye aliulizwa.

Na msidhani upande wetu ni safi. Niliposimulia mikasa hii kwa wakwe zangu Ahero, shemeji yangu alisema, "Hao ndio walivyo, watakuuza hata wewe wakipata bei." Hao, yaani Wakikuyu wote, pamoja na yule mwenzangu niliyekuwa nalala kwake bure na kula chakula chake. Nilimkumbusha hilo. Akajibu, "Huyo ni tofauti." Kila mbaguzi niliyewahi kuongea naye ana mmoja aliye tofauti. Anaweza kuwa nao hata kumi walio tofauti, na kanuni isitikisike hata kidogo, maana kila anayeivunja anatolewa nje yake.

Nyumba tuliipata mwishowe Kiamunyi, kupitia mjomba wa mwenzangu yule yule. Alipiga simu, akasema huyu namjua, na siku hiyo hiyo tukalipa kodi ya mwezi na amana. Nilishukuru. Nilichukia pia kwamba mshahara wangu, barua yangu na miaka yangu ya kulipa bila kuchelewa vilikuwa havina uzito mpaka mtu mwenye jina lingine avidhamini.

Kwa walio njiani sasa hivi, haya ndiyo yaliyonisaidia au ambayo yangenisaidia. Beba barua ya mwenye nyumba wa awali inayosema ulilipa vizuri, na taarifa ya M-Pesa inayoonyesha kodi za mwaka uliopita. Msimamizi anayeogopa kukatwa mshahara huogopa pesa zaidi ya kabila, na karatasi humpa kitu cha kujitetea nacho akiulizwa. Usilipe ada ya kuonyeshwa kabla jina lako halijafika kwa mwenye kuamua. Ukiambiwa "si mimi", uliza kwa upole, "Basi ni nani, nizungumze naye?" Mara nyingi utagundua hakuna mtu mwishoni mwa msururu, kuna mazoea tu. Na ukikataliwa waziwazi, jaribu kupata maandishi: tuma ujumbe uulize sababu. Wengi watakwepa, wachache watajibu, na jibu hilo ni ushahidi.

Sheria ipo. Kifungu cha 27 cha Katiba ya 2010 hakiikatazi serikali pekee kubagua kwa misingi ya kabila, dini, jinsia, ulemavu na mengineyo. Kinamkataza pia mtu binafsi, na hilo wenye ploti wengi hawalijui. Sheria ya Uwiano na Utangamano wa Kitaifa ya 2008, iliyozaliwa na majadiliano ya baada ya vurugu zile, inagusa ajira na pia mali, na tume iliyoundwa nayo hupokea malalamiko. Tume ya Kitaifa ya Haki za Binadamu ina ofisi Kisumu. Ila usipoteze nauli kwenda kwenye baraza la kodi la sheria ya zamani ukitarajia msaada: linashughulikia nyumba za kodi isiyozidi shilingi 2,500 kwa mwezi, na wewe unayepanga vyumba viwili Nakuru uko nje ya mpaka huo. Mimi sikulalamika popote rasmi. Nilikuwa nimechoka, nilitaka watoto walale kwao.

Kiamunyi tulifika msimu wa kampeni umechacha. Mwezi Aprili tume ya uwiano ilitoa orodha ya maneno ya kuchunga, mojawapo "madoadoa", lile walilotumia wachochezi wa Bonde la Ufa kuwaita majirani wasio wa kabila lao, na kwa siku kadhaa watu waliyarusha maneno hayo kwa mzaha kwenye kikundi cha WhatsApp cha ploti. Mama mmoja wa ghorofa ya chini, muuza mitumba, ndiye aliyekomesha. Aliandika kwamba yeye mwaka 2008 alifiwa, na asiyeweza kunyamaza ahame kikundi. Kimya kikaingia. Baadaye pampu ya maji iliharibika, tukachanga, tukagombana kuhusu nani alichanga na nani hakuchanga, na ugomvi huo ulitujenga kuliko mahubiri yote ya amani ya redioni. Waliokataa kuchanga walikuwa wa makabila matatu tofauti, na walisemwa kwa majina yao.

Wiki ya uchaguzi wa tarehe 9 Agosti, familia kadhaa zilisafirisha watoto mashambani. Sisi tulibaki. Tulibadilishana nambari za simu za jamaa zetu na majirani wawili, tukaweka unga na maji, mtu wa nyumba kumi akapita kila jioni. Matokeo yalikuja, kesi ikaenda Mahakama ya Juu, ikaamuliwa Septemba, na Nakuru ikalala usingizi. Nililala kidogo kuliko ilivyohitajika.

Siku hizi msimamizi wetu huniuliza maoni kuhusu wapangaji wapya. Ameacha kuuliza kabila, au ameacha kuuliza mbele yangu. Kila anayekuja anaombwa kitambulisho, barua ya kazi na ushahidi wa kodi ya awali, na karatasi hiyo ya masharti niliiandika mimi. Mwaka jana dereva mmoja wa kazini kwetu, Msomali aliyezaliwa hapa hapa Nakuru mtaa wa Bondeni, alitaka nyumba iliyobaki wazi ghorofa ya pili. Alileta karatasi zote. Msimamizi alizipokea, akanivuta pembeni. "Huyu hapana. Nyinyi sawa, nyinyi tumewazoea. Hawa ni wengine."

Nilimuuliza sheria hiyo ni ya nani. Akasema si yeye, ni mwenye nyumba. Nikamwomba nambari ya mwenye nyumba, ambayo tayari ninayo, ili apige yeye mwenyewe huku nikisikia. Alisema salio limeisha. Nikamtumia la shilingi hamsini hapo hapo. Simu iliita, mwenye nyumba akashika, akauliza kama mtu huyo ana kazi, akaambiwa anayo, akasema basi tatizo liko wapi. Dereva aliingia mwisho wa mwezi. Msimamizi hakunisalimia kwa muda mrefu, na mpangaji mmoja, kati ya wale tuliochanga pamoja pesa za pampu, amehama akisema ploti imeharibika.